Historia ya Wizara Yetu, Bila Mimi

Wasomaji wenzangu, nina miaka sitini na mbili, mjane, naishi mtaa wa Tassia, ghorofa ya nne. Nauza mapazia ya mitumba soko la Gikomba, na hakuna mteja aliyewahi kunipunja. Aliyenipunja ni rafiki tuliyejuana naye miaka ishirini na saba... Nimeihesabu mara mbili, haipungui.

Kabla ya mapazia nilikuwa karani wa mafaili serikalini. Wizara ya kuiingiza nchi yetu katika jumuiya ya kanda niliikuta ikiwa vyumba viwili tu, imejibanza ndani ya wizara nyingine. Taipureta ilikuwa moja, ya Wairimu, sekretari. Vyumba vikawa ghorofa nzima, tukawa wizara kamili. Baadaye tukaunganishwa na wengine, jina likabadilishwa, likabadilishwa tena! Wakubwa walikuja wakaenda. Mimi niliandika yote kwenye madaftari sita: nani alibishania ushuru wa sukari, nani alisinzia kikaoni...

Wairimu ndiye aliyenisimamia harusi. Kwa hivyo alipopanda hadi kwangu akihema, nilimkaribisha chai.

“Mama Nekesa, wizara inataka kijitabu cha historia yake na nimeombwa nikiandike. Nipe yale madaftari, dada. Jina lako litakuwa ukurasa wa kwanza!”

Ofisini hata waziri hakutoka na faili langu bila kutia sahihi. Wairimu nilimpa madaftari yote sita, na chapati za kubeba.

Siku ya uzinduzi nilivaa kitenge kipya, nikaenda na binti yangu Nekesa. Vijitabu vikagawiwa. Ukurasa wa kwanza... simo. Nikakipitia chote. Nikarudia. Simo!

Nekesa akanigusa kiwiko. Wairimu alikuwa ameandika kwamba ujumbe wetu ulipokuwa ukiondoka kwenda kwenye mazungumzo ya kwanza, kamba za mafaili ziliisha, naye akafungua utepe wa kijani kwenye nywele za binti yake, akafungia hati.

“Mama, si huo ulikuwa utepe wangu? Si nililia mpaka nyumbani?”

Ulikuwa wake, na niliufungua mimi! Wairimu ana wavulana watatu tu!

Nilimfuata kwenye meza ya soda. Wala hakushtuka.

“Mama Nekesa, usinichekeshe. Wewe ulikuwa wa mafaili. Nani atasoma habari za karani wa mafaili?”

“Basi nirudishie madaftari yangu.”

“Hayo? Nilimpa mnunuzi wa karatasi kuukuu. Yalikuwa yananijazia nyumba.”

Je, umewahi kuvunjika moyo huku mkononi umeshika sambusa?

Karatasi kuukuu huishia kwa wauza nyama, kwa hivyo nilizunguka bucha za Soko la Burma wiki tatu, nikikagua karatasi za kufungia nyama. “Shosho, unanunua ama unasoma?” wauzaji walinicheka, mimi bibi yao. Nilipata magazeti, nikapata hesabu za mtoto wa shule. Mwandiko wangu sikuuona...

Sasa nimenunua daftari jipya. Vyumba viwili nakumbuka, sauti nakumbuka. Majina yamenikimbia. Wanaoniuma ni wale waliokufa, maana hakuna mwingine aliyekuwa amewaandika!

Ndugu zangu, msifanye kama mimi. Andika jina lako kila ukurasa. Na hata kama anayeomba alikusimamia harusi, mpe nakala, yako ibaki nyumbani. Mashine ya nakala iko hapa chini ya jengo letu, ngazi sitini na nne. Nimezihesabu mara mbili... Siku ile sikushuka hata moja.