Wale Si Kuku

Jumamosi ile kaka yangu Leopoldi alitoka shifti ya asubuhi kule ghalani Okolona, akaoga, akala ugali na dagaa, kisha akaketi mbele ya kioo kujipaka poda. Saa kumi jioni alikuwa na mchezo katika ukumbi wa kanisa, hapa hapa Louisville. Mimi nilikuwa nyuma yake namfunga kilemba. Wanawe walikuwa sebuleni wanagombania rimoti kwa Kiingereza. Ilikuwa siku kama siku nyingine.

Warundi wa Marekani wengi wanamjua Leopoldi kwa mchezo mmoja, Mwenye Kuku. Ni mchezo wa kuchekesha na wote unaimbwa, kuanzia salamu mpaka matusi. Yeye ni mjane anayesubiri wakwe, na asubuhi ya wakwe kuku wake wanatoroka. Anavaa kitenge, anachechemea, anatoa sauti nyembamba ya kike ambayo ukifumba macho huwezi kuamini inatoka kwenye kifua cha mwanamume anayebeba maboksi. Mimi hukaa pembeni mwa jukwaa na ngoma. Akifika pale anapowaita kuku, mmoja mmoja, watu hufuta machozi. Nimemwona mchungaji akishika kiti asianguke kwa kucheka.

Sasa lazima niseme ule wimbo ulitoka wapi, maana hilo ndilo linaloninyima amani.

Tulikulia kambini kule Kasulu, Tanzania. Jirani yetu alikuwa mjane, Mama Dafroza. Mwaka wa tisini na tatu alivuka mto Malagarasi akikimbia vita, akiwa na watoto watano. Ng'ambo alifika peke yake, na mguu mmoja umevunjika. Tangu hapo kila jioni alichechemea mpaka nyuma ya nyumba yake, akatazama upande wa Burundi, akawaita wanawe kwa wimbo, mkubwa mpaka mdogo. Nilikuwa na miaka kumi na mitano. Ukuta wetu na wake ulikuwa mmoja. Nikaushika wimbo wote.

Leopoldi alikuwa ndiyo kwanza ameanza kuigiza, anatafuta kitu cha kumtoa. Nikamwimbia. Nikamwonyesha na ule mwendo wa mguu. Tulicheka mpaka mama akatugombeza. Majina ya watoto tukayageuza majina ya kuku: Kishungi, Madoa, Mwekundu, Kuchi. Jina la tano lilikuwa refu. Mimi ndiye niliyesema, "Kaka, hilo liache, linaharibu mdundo."

Alipoigiza, kambi nzima ilicheka. Kesho yake Mama Dafroza alikuja kwetu. Hakutukana. Alisimama mlangoni akasema polepole, "Leopoldi, wale si kuku."

Kaka yangu alitazama chini.

"Nani amekufundisha?"

"Nimesikia tu mwenyewe, mama."

Nilikuwa nyuma ya pazia. Sikutoka.

"Mimi huwaita ili wajue nilipo," akasema. "Wewe ukiwaita, watakuja kwako." Akaondoka. Jioni ile hakuimba, wala jioni nyingine yoyote mpaka tulipopanda ndege kuja huku.

Turudi Jumamosi ile. Ukumbi ulijaa. Leopoldi aliimba vizuri kuliko siku zote. Akafika kwa kuku, akapiga magoti, akaweka kiganja mdomoni, akaita kwa ile sauti nyembamba: "Kishungi weee, njoo."

Nyuma kabisa ya ukumbi, mtoto akaitika.

"Karame."

Hivyo ndivyo mtoto wa kwetu wa zamani alivyomwitika mzazi wake. Watoto wetu wa Louisville ukiwaita wanakujibu "what". Hakuna mtoto wa kwetu hapa anayesema karame.

Watu wakacheka, wakidhani ni sehemu ya mchezo. Leopoldi alikosa pumzi kidogo, akaendelea. Baadaye tukikunja mazulia, mzee mmoja alitupa mkono akasema, "Mmefanya vizuri kumweka na yule binti mlangoni. Ila msimwache pekupeku kwenye saruji."

Hatukuwa tumemweka mtu mlangoni.

Miezi miwili baadaye tulialikwa Columbus. Njiani Leopoldi aliendesha bila kuwasha muziki. Tulipokaribia mji akasema, "Spés, leo ule wimbo wa kuku niuruke."

"Watu wametoka mbali kwa ajili ya ule wimbo," nikamjibu.

"Louisville ulisikia?"

"Sikusikia kitu."

Nilisikia. Nilimdanganya ndugu yangu, kwa sababu kama nimesikia, basi na mengine yote ni kweli, na mwalimu wa yote ni mimi.

Ukumbi ulikuwa wa shule. Aliruka wimbo, kweli. Watu wakaanza kupiga makofi na kudai, "Kuku! Kuku!" Nikamwona akinitazama. Mikono yangu ikaanza kupiga mdundo. Hakuwa na njia.

"Kishungi weee, njoo."

"Karame." Safari hii katikati ya viti.

"Madoa weee."

"Karame." Mstari wa mbele. Sauti ya mvulana.

Leopoldi akataka kunyamaza. Mdomo wake haukunyamaza. Nilimwona. Jasho lilikuwa linaichora poda mistari.

"Mwekundu weee."

Ikaitika chini ya jukwaa, chini ya miguu yake.

Watu wakacheka. Nikaacha kupiga. Ngozi ya ngoma ilikuwa imelegea, imelowa. Kaka yangu akaita la nne kwa kunong'ona tu.

Likaitikiwa nyuma ya sikio langu. Pumzi ilikuwa ya baridi na ilinuka matope ya mto.

Tulipokuwa tunapakia vyombo, mama mmoja Mkongo alinishika mkono. "Dada, mchezo ni mzuri. Lakini wale batoto bane, mubavalishe nguo zingine. Baliloa sana, bon, watashikwa na homa."

Leopoldi alisikia. Hakuniuliza tena kama nasikia.

Alitaka kuacha. Lakini mwaliko wa Buffalo ulikuwa umekwisha kukubaliwa na picha yake ilikwisha kubandikwa kwenye maduka ya Grant Street. Siku tatu kabla ya kusafiri, simu ya Leopoldi ikalia. Mwanamke akajitambulisha: "Naitwa Delfina. Mimi ni mpwa wa Mama Dafroza. Tunaishi naye Black Rock, huku huku Buffalo. Ameiona picha yako dukani, akacheka. Ana miaka hajacheka. Kama mtapata nafasi, mpiteni."

Nilidhani kaka yangu atakataa. Alisema, "Spés, twende tumrudishie wimbo wake. Labda wataondoka."

Tukaenda na vani yake, ile ya viti saba. Vyombo vya mchezo tulivifunga juu ya gari. Tulifika Buffalo asubuhi, theluji imerundikwa kando ya barabara. Nyumba yao ni ya mbao, imeinama kidogo upande wa mto. Delfina alitufungulia akiwa bado na sare ya kazi ya kulea wazee. Akatuambia kwa sauti ya chini, "Siku hizi anasahau. Msishangae."

Mama Dafroza alikuwa kwenye kiti kando ya dirisha, blanketi magotini. Alikuwa amepungua sana. Tukamwamkia shikamoo. Akaitikia marahaba, akatuuliza sisi ni wa nani.

Leopoldi akapiga magoti, si ya jukwaani. "Mama, ni mimi Leopoldi wa kambini. Nilikukosea. Nilichukua wimbo wa wanao nikaufanya kichekesho. Nimekuja kuurudisha. Naomba unisamehe."

Alimtazama. "Watoto gani?"

Delfina akageuza uso. "Amewasahau kabisa," akanong'ona. "Tangu aache kuwaimbia, walianza kumtoka mmoja mmoja. Mimi nilizaliwa baadaye, sikuwajua. Hakuna mwingine anayejua majina yao."

Hapo nilijua nini nilikuwa nimeiba. Nilidhani ni wimbo.

Nikapiga magoti kando ya kaka yangu. "Mama, ni mimi niliyemfundisha. Nilikuwa nyuma ya pazia siku ile." Miaka karibu ishirini neno hilo lilikuwa limenikaa kooni. Yeye alinipapasa kichwa tu, kama mtu anayempapasa mtoto wa wageni.

Leopoldi akaanza kuimba. Hakutoa sauti nyembamba. Aliimba kwa sauti yake, ileile anayoitumia akiwalaza wanawe. Ikatoka Kishungi. Akasita, akajaribu tena. Ikatoka Kishungi. Majina ya kweli yalikuwa hayapo. Nikafumba macho, nikaurudia ukuta wetu wa kambini, nikasubiri. Yakaja. Nikayasema polepole naye akayaimba baada yangu: Goreti. Evarisiti. Imakulata. Fidelisi.

Hakuna aliyeitika. Lakini Mama Dafroza alikuwa ameacha kututazama sisi. Alikuwa anatazama kitu nyuma yetu, kwa kimo cha magoti, macho yakihama taratibu kutoka kimoja mpaka kingine. Akawa anatabasamu. Kisha tabasamu likakoma.

"Na yule mdogo?" akauliza.

Leopoldi akanigeukia. Nikatafuta. Nilitafuta mpaka kichwa kikauma. Niliupata mdundo wa jina lile, urefu wake, ule urefu ulioniudhi. Jina lenyewe halikuwepo.

"Sikumbuki, mama."

Hakukasirika. "Na mimi sikumbuki," akasema. "Nimechoka. Waiteni nyinyi sasa."

"Mama, tumekuja kuwarudisha kwako," Leopoldi akasema.

"Wanamfuata anayewaita."

Akafumba macho. Tulipofika mlangoni tukamsikia tena, kwa upole, kama mzazi anayeagiza wageni. "Muende taratibu. Yule mdogo huchelewa."

Leopoldi hakupanda jukwaani Buffalo. Aliwapigia waandaaji akasema sauti imekufa. Haikuwa uongo sana, maana tangu siku ile hajaimba, hata kanisani. Kitenge cha mchezo alikiacha kwa Delfina. Sasa hivi ni mtu wa Okolona na nyumbani tu. Watu wakimwomba awachekeshe, anasema amezeeka. Hajafika arobaini na tano.

Lakini ya siku ile yalikuwa bado hayajaisha. Tuliondoka Black Rock saa sita mchana, jua kali juu ya theluji, tukaingia barabara kuu. Tulikuwa tumekwenda kama saa moja hivi gari lilipoanza kulia ule mlio wake wa mtu asiyefunga mkanda.

Nikaangalia mkanda wangu. Umefungwa. Leopoldi akaangalia wake. Umefungwa.

Mlio ukaendelea.

Akaegesha kando. Hakushuka. Mikono yake ilibaki kwenye usukani. "Nenda uangalie wewe," akasema.

Nikashuka, nikauvuta mlango wa ubavuni. Viti vitano vya nyuma vilikuwa vitupu. Hatukuwa tumeweka kitu. Mikanda minne ilikuwa imefungwa, imekazwa vizuri, na vitambaa vya viti vile vimelowa. Mkanda wa tano ulikuwa umevutwa mpaka katikati ya kiti, ukasimama hapo, hewani, haukurudi. Ulikuwa unatetemeka kidogo. Kama unaovutwa na mtu ambaye bado hajajua kuufunga.

Magari yalikuwa yanapita kwa kasi. Kaka yangu aliniita mara mbili.

Niliinama, nikaupokea, nikaufunga. Mlio ukakoma.