Zaburi kama Alivyoiandika Torquil

Haya aliniambia Finlay mwenyewe, jirani yangu hapa kisiwani Lewis, Uskoti, na Finlay si mtu wa kuogopa giza.

Torquil, mwenzake wa hapa hapa, alikuwa ametoa kitabu kuhusu zaburi za kisiwa chetu: kiongozi anaimba mstari peke yake, kanisa zima linaurudia. Finlay roho ilimuuma. Zaburi zile alilelewa nazo, na kitabu chake mwenyewe juu yake alikuwa hajakimaliza.

“Finlay, nibebee boksi la vitabu vyangu kanisani,” Torquil alimwambia. “Au na wewe chako kimeshatoka?”

Kanisa lilikuwa tupu, na jua la Desemba lilishazama. Finlay akawasha tochi, akafungua kitabu kimoja.

“Mjinga huyu! Kaupindisha wimbo wa mama!”

Akauimba mstari kama mama yake alivyomfundisha. Kimya. Upepo tu.

Akauimba tena kama ulivyoandikwa kitabuni, kwa kubeza.

Mabenchi yote yakaitikia gizani, polepole, sauti juu ya sauti. Na pale mbele, kwenye benchi la marehemu mama yake, sauti aliyoijua tangu utotoni ilikuwa inaupindisha wimbo palepale alipoupindisha Torquil.