Hakuna Raundi ya Pili

Mimi Robi nina ugonjwa mmoja: kuuliza. Mume wangu Nashoni anasema nikikosa mtu wa kumuuliza, nitauliza hata kuku. Na aseme tu. Bila kuuliza kwangu, mwaka ule wa uchaguzi angepata aibu.

Tunakaa Sirari, mpakani. Tunalima ndizi. Nashoni na rafiki yake Marwa huzipeleka Migori, upande wa Kenya, kuziuza. Kila mmoja ana pikipiki yake.

Siku moja kabla ya uchaguzi mkuu, niliwakuta wanafunga mikungu ya ndizi kwenye pikipiki.

"Baba Godwin, ndizi za nini tena? Kesho si tunapiga kura?"

"Kesho Migori kuna bei nzuri," alijibu Nashoni. "Wewe nenda. Sisi tutapiga raundi ya pili."

"Raundi ya pili ipi?"

"Mama Godwin nawe! Asipopatikana mtu wa kuzidi nusu ya kura zote, uchaguzi wa rais unarudiwa. Wagombea wako wengi. Lazima urudiwe."

"Nani kakwambia?"

"Redio," alidakia Marwa. "Tunasikia kila siku."

"Redio ya wapi?"

Walicheka wote wawili. Wakaendelea kufunga mikungu.

Nilikasirika. Mwaka mzima Nashoni alikuwa anabishana sokoni juu ya rais. Shati lake moja lilichanika kwa ubishi huo. Leo siku imefika, yeye anafunga ndizi! Lakini na mimi sikuwa na hakika. Labda kweli kuna kurudia.

Asubuhi walikuwa wameshaondoka. Nilichukua kadi yangu ya mpiga kura, nikampitia jirani yetu, mama Ummy. Jina lake Kuruthumu. Ni fundi cherehani. Uchaguzi uliopita alikuwa karani katika kituo cha kura.

"Shikamoo, mama Ummy."

"Marahaba, Robi. Twende, foleni itakuwa ndefu."

Hatukufika mbali, nikaanza.

"Mama Ummy, rais tunamchagua. Makamu wake je? Karatasi yake iko wapi? Mimi nampenda mgombea urais wa chama hiki, lakini makamu namtaka wa chama kile. Nitie vema mbili?"

Mama Ummy alisimama palepale njiani.

"Wee! Usithubutu. Kura yako itaharibika."

"Kwa nini?"

Alishika kanga aliyojitanda. Nyingine kama hiyo alikuwa ameifunga kiunoni.

"Doti hii nilinunua dukani kwa Dullah. Nikimwambia Dullah anikatie kipande cha doti hii na kipande cha doti ile, atakubali?"

"Atakufukuza."

"Haya. Rais na makamu nao huja wawili pamoja. Chama kinasimamisha mgombea urais na mgombea mwenza. Mmoja akitoka Bara, mwenzake lazima atoke Zanzibar. Kwenye karatasi utaona picha za wote wawili. Unaweka vema moja tu, katika kisanduku chao. Wakishinda, mgombea mwenza anakuwa Makamu wa Rais."

"Na huyo makamu kazi yake nini?"

"Anamsaidia rais. Na rais akifariki, au akishindwa kuendelea na kazi, makamu ndiye anakuwa rais mpaka muda uliobaki uishe. Kwa hiyo tazama picha zote mbili, mwanangu."

Loo! Miaka yote nilikuwa natazama picha moja tu.

"Sasa wasipofika nusu ya kura, raundi ya pili huwa lini?"

"Raundi ya pili gani? Hiyo ni ya wenzetu wa Kenya. Kwetu, anayepata kura nyingi kuliko wengine ndiye rais, hata kama hajafika nusu. Harudii mtu. Mpaka miaka mitano."

Kumbe Nashoni anapoteza kura yake! Nilichukua simu, nikampigia Nashoni. Hapatikani. Huyu akivuka mpaka hubadilisha laini. Nikapiga ile ya Kenya. Ikaita, ikaita, hakupokea.

Nilipiga kura yangu. Karatasi ya mbunge na ya diwani zilinichukua muda mfupi. Ya rais nilikaa nayo. Nilitazama nyuso mbilimbili, nikafikiri, nikaweka vema moja. Nilitoka na wino kidoleni, nikapiga simu tena. Saa saba ndipo Nashoni alipopokea.

"Baba Godwin, rudi! Hakuna raundi ya pili!"

"Nani kasema?"

Mama Ummy alininyang'anya simu. "Nimesema mimi, Nashoni. Redio yako inasema mambo ya Kenya. Kituo kinafungwa saa kumi jioni. Saa kumi ikikukuta ndani ya foleni, utapiga. Ikikukuta nje, huna chako."

Nashoni alihesabu ndizi zake. "Nimebakiza mikungu sita."

"Kwani ndizi zina kadi ya mpiga kura?" niliuliza kwa sauti, asikie.

Nilirudi kituoni kumngoja. Saa tisa, hayupo. Saa tisa na nusu, hayupo. Nilikuwa nimeshakata tamaa nilipoona pikipiki inakuja na mikungu sita nyuma. Nashoni aliiacha nje, akakimbia na kadi mkononi. Alikuwa mtu wa mwisho katika foleni. Saa kumi ilipofika, askari alikwenda kusimama nyuma yake.

Dakika tano baadaye Marwa alifika. Yeye alibaki Migori mpaka akauza mikungu yake yote.

"Foleni imefungwa, ndugu," askari alimwambia.

"Afande, kadi ninayo. Hii hapa!"

"Naiona. Lakini muda umekwisha."

Nashoni alitoka ndani akiwa na wino kidoleni. Alikuwa anatabasamu. Alipomwona Marwa, aliacha.

"Umempigia rais?" Marwa aliuliza.

"Na makamu wake. Wote wawili, vema moja tu."

"Na mimi?"

"Ngoja miaka mitano, mura, ndugu yangu," Nashoni alisema kwa upole.

Marwa alikaa kwenye pikipiki yake, kadi bado mkononi.

"Felix wangu yuko darasa la tatu," alisema. "Atakuwa sekondari ndipo baba yake achague rais."

Hatukumcheka. Nashoni alishusha mkungu mmoja kwenye pikipiki yake, akamfungia Marwa apeleke nyumbani.