Mwanga wa Jengo la Kwanza

Hivi wewe, umeshawahi kuona kivuli cha mtu, mchana kweupe, ndani ya jengo ambalo bado halijajengwa?

Digrii alikiona. Ndilo jina alilobandikwa na bosi wake kwenye kampuni ya usanifu majengo: shahada anayo, ajira hana, bado yuko "majaribio". Siku hiyo aliambiwa aweke plagini ya kurenda, ile inayogeuza mchoro wa kompyuta kuwa picha kama ya kamera. Picha ya ghorofa jipya ikitoka safi kabla ya wafadhili kufika, anapewa mkataba. Isipotoka, mlango ule pale.

Kompyuta ikajikokota.

"Usipige hesabu ya mwanga upya," bosi akafoka. "Pakia mwanga tuliohifadhi wa lile jengo la kwanza. Kiwanja si kilekile? Fasta, Digrii! Be serious!"

Akapakia. Picha ikaanza na chengachenga, ikatulia. Dirisha la chini: kivuli cha mtu, mkononi timazi, ile kamba ya fundi yenye risasi ya kupimia ukuta wima.

Kwenye mchoro hapakuwa na mtu. Akafungua kila tabaka lililofichwa, patupu. Akafuta plagini, akaiweka upya. Wapi! Kila akirenda kivuli kilisogea, na feni ya kompyuta ikaanza kugonga, ko, ko, ko, kama nyundo chini ya zege, harufu ya saruji mbichi ikapanda kutoka kwenye kibodi, ikamjaa puani, mpaka vidole vyake vikawa vyeupe kwa vumbi lisilo na mwenyewe, na kiganja cha kile kivuli kikawa kimebandikwa kwenye kioo cha skrini, kwa ndani.

"Bosi," alinong'ona, "huyu nani?"

Bosi akaloa jasho. "Mzee Timazi. Fundi wetu. Lile jengo la kwanza lilipoanguka... kumfukua kungetuchelewesha. Tukasawazisha kifusi."

"Na kwao mlisemaje?"

"Mkewe tulimwambia katoroka na mwanamke. Mfute, binti yangu. Kesho tunamwaga zege la msingi. Mkataba huu, nasaini!"

Digrii akachomoa waya. Skrini haikuzimika. Ile timazi mkononi mwa kivuli ilining'inia wima, ncha yake ikigusa kona moja ya msingi.

"Basi tuite mganga," bosi akadakia.

"Mganga wa nini? Huyu hataki ubani, anataka koleo!" Digrii akausukuma ule mkataba. "Kona mmeonyeshwa, wewe na waliokusainia kibali cha kujenga hapo. Zege msimwage. Mfukueni leo hii, kwa mikono yenu, mkampeleke kwa mkewe, na mkamwambie mlimdanganya!"