Nyumba ya Mpungate Iliyomfungia Bi Qabale

Saa mbili asubuhi, katika mtaa wa majaribio wa Jiji la Chalbi, nyumba moja ilikuwa bado inakua. Bapa la kijani, pana kama mlango, lilichomoza ukingoni mwa bapa la chini yake, likajikunjua taratibu, likatulia. Ndivyo mpungate, ule mmea wa miiba wa jangwani, unavyokua tangu zamani: bapa juu ya bapa, kila moja ghala la maji. Alichoongeza Mhandisi Talaso Wario ni kichapuzi, mashine ndogo kama birika iliyofukiwa mizizini, iliyotoa dawa na kuufanya mmea ukue kwa saa moja kiasi ambacho ungekua kwa mwaka. Nje jangwa liliwaka. Ndani ya kuta zile nene palikuwa na ubaridi mzuri.

Tatizo ni kwamba bapa hilo jipya lilikuwa limeota mlangoni.

"Talaso," alisema mama yake kwenye simu, "nyumba yako imenifungia."

Mama yake, Bi Qabale, ndiye aliyekuwa mkazi wa kwanza wa nyumba ile, na huo ulikuwa mwezi wake wa tatu humo. Na saa kumi jioni siku hiyo wakaguzi wa jiji wangekuja kuamua kama familia elfu mbili zinazoishi kwenye mahema zijengewe nyumba za aina hiyo. Talaso alitoka mbio na roboti mkataji nyuma yake.

"Kata!" aliamuru.

Roboti ikakata. Kila kipande kilichoanguka kilitua kwenye udongo uliojaa dawa ya kichapuzi, kikatoa mizizi papo hapo. Vipande vilipofika kumi na vinne, nyuma ya roboti palikuwa na mipungate kumi na minne, mmoja tayari umeanza kufanana na choo. Mlango nao ulikuwa umeziba tena.

"Kazi imekamilika kwa asilimia kumi chini ya sifuri," ilisema roboti kwa adabu.

Talaso akalisukuma bapa kwa mikono, kwa bega, mwishowe kwa mgongo. Halikutikisika. Mama yake alikuwa akimtazama kupitia tundu la dirisha, akila tunda la mpungate, midomo myekundu.

"Baba yangu alifyeka mipungate malishoni miaka kumi," alisema. "Kila alichokata kilizaa. Unajua kilichokuja kuiua?"

"Sijui, Mama."

"Mvua ya wiki mbili. Maji yakituama, mpungate unaoza. Hukusoma hayo chuoni?"

Talaso aliutazama udongo wenye dawa. Kama kichapuzi kiliharakisha kukua, basi kingeharakisha na kuoza. Akavuta bomba, akamwaga maji kwenye shina la bapa lile mpaka likasimama dimbwini. Saa nane likawa la manjano. Saa tisa likawa la kahawia. Saa kumi kasoro robo lilinuka kiasi kwamba jirani wa pili alifunga dirisha.

Mkaguzi mkuu, Bwana Galgalo, alifika na wenzake, amevaa suti nyeupe.

"Mlango uko wapi?" aliuliza, akaligonga bapa kwa kidole kimoja.

Likaporomoka lote kama papai lililoiva kupita kiasi, likamfunika viatu. Bi Qabale akatokea mlangoni, mtandio umekaa sawasawa.

"Karibuni," alisema. "Vueni viatu."

Walipokwisha kumpangusa mkaguzi, Talaso alifungua kumbukumbu za kichapuzi kutafuta hitilafu. Hapakuwa na hitilafu. Swichi ya kasi ya kukua, iliyokuwa jikoni, ilikuwa imezungushwa jana yake, kutoka namba mbili hadi tisa. Akamgeukia mama yake.

"Mwezi uliopita nilikwambia nina upweke," alisema Bi Qabale bila kuinamisha macho. "Ukanitumia roboti ya mazungumzo. Inanisimulia hali ya hewa, Talaso. Ya Chalbi! Jua, jua, jua. Leo nimesema nyumba imenifungia, umekuja mwenyewe, viatu viwili tofauti."

Bwana Galgalo alikohoa. "Nyumba haina kosa," alisema. "Lakini swichi hiyo itiwe kufuli. Nitarudi mwezi ujao."

Mwezi mzima zaidi kwenye mahema, familia elfu mbili. Talaso alikasirika kwa ajili yao, akataka kusema neno. Kisha akajaribu kukumbuka mara ya mwisho alipoketi ndani ya nyumba hii kama mgeni, si kama fundi, akakosa.

Wageni walipoondoka, mama yake alimwekea kikombe cha chai. Talaso alikishika, akapiga kelele, akakiacha. Viganja vyake vilikuwa vimejaa vijimwiba vya mpungate, laini kama manyoya, mamia kwa mamia.

Bi Qabale alivaa miwani, akachukua kibanio, akavuta kiti karibu.

"Leta mkono. Hivi havitoki kwa haraka."

"Vitachukua muda gani, Mama?"

Mama yake alikigeuza kiganja kwenye mwanga, akakikagua kwa furaha isiyofichika.

"Tukijitahidi sana," alisema, "hadi Ijumaa."

Siku hiyo ilikuwa Jumatatu.