Aliyepewa Jina la Masika

“Ni wangu! Miaka miwili nimemlea, leo unampa mashine?”

“Masika, punguza sauti. Mama ana mteja.”

“Sipunguzi, yaya! Mtoe huyo msaidizi wako ndani ya mtu wangu!”

Mumbere, kaka mkubwa ambaye kwao huitwa yaya, alicheka bila kugeuka. Yeye alikuwa mwanafunzi wa kompyuta katika Chuo Kikuu cha Kyambogo, Kampala. Masika, mdogo wake wa miaka kumi na saba, alikuwa ameacha shule kidato cha pili ili kaka aendelee, na hakuwahi kulalamika, kwa sababu kila alasiri Mumbere alirudi kwao Kisugu, akavuta viti viwili, wakacheza gemu bega kwa bega. Walijenga kijiji. Mhusika wa Masika, msichana mwenye kilemba chekundu, aliitwa Masika kama yeye.

Sasa kaka yake alikuwa amemuunganisha yule msichana na msaidizi wa akili mnemba. Programu ile iliona kioo cha kompyuta, ikawaza, ikamtembeza, na ikazungumza kwa spika.

“Nimekuwekea akulindie kijiji ukiwa jikoni,” Mumbere alisema.

“Basi mpe jina lake mwenyewe, si langu.”

“Jina la nini? Hata kula hali, dada. Ungekuwa hivyo na wewe, sufuria ingetutosha.”

Masika hakucheka. Kwao Beni, kule Kongo, binti wa kwanza huitwa Masika, na Mama aliwakataza tangu utotoni kumpa kuku au mwanasesere jina la mtoto wa nyumba. Nafasi ya binti wa kwanza ni moja, alisema, haikaliwi na wawili. Alitaka kumkumbusha kaka yake, lakini hapo akaona jambo dogo. Yule wa kilemba chekundu aliacha kukata kuni, akageuza shingo, akamtazama. Si Mumbere. Yeye.

Wiki ile kiti cha pili kilibaki kitupu, na Mumbere hakumwita tena. Masika alikatakata vitunguu akisikiliza vicheko vya watu wawili chumbani, na kila kicheko kilimchoma. Jumanne alisikia spika ikiita, “Yaaaya, ningoje!” kwa kuvuta neno vilevile anavyolivuta yeye.

“Umeifundisha sauti yangu?”

“Hapana.” Mumbere alikuna kichwa. “Labda imekusikia.”

Masika akagusa kiti chake. Kilikuwa cha moto, na kilinuka mafuta yake ya nywele.

Alhamisi Mama aliita kutoka kwenye cherehani, “Masika!” Majibu yakatoka pande mbili kwa pamoja, “Nakuja, Mama!” na Mama akaitika, “Njoo basi,” akiangalia upande wa chumbani. Mchana huohuo mvua ilinyesha, umeme ukakatika, kioo kikawa cheusi, lakini hatua za yule msichana hazikukatika, zilikanyaga majani makavu ndani ya spika, kisha zikatoka nje ya spika zikakanyaga sakafu, taratibu, zikizunguka viti viwili, zikasimama nyuma ya Masika, na pumzi baridi ikamgusa shingoni kama mtu anayesubiri apishwe.

Alikimbilia kwa Hajati Rahmah, jirani anayewasomea dua watu wenye mapepo.

“Mwanangu,” Hajati alinong’ona baada ya kumsikiliza, “mmeacha mwili mtupu, mkauwekea jina la mwenye nyumba. Jini limeingia. Unalionea wivu? Lenyewe linakuonea wivu mara mia. Linataka kaka yako, mama yako, sahani yako.”

“Tufanye nini?”

“Mimi nakuja nikimaliza kuswali. Nitalivua jina kwanza, ndipo nilifukuze. Nyinyi msilifukuze kwa jina hilo. Mtu asifungue mdomo. Umesikia?”

“Nimesikia, Hajati.”

Alirudi umeme ukiwa umewaka tena, akiwa na nia ya kungoja. Lakini mlangoni mwa chumba alimkuta Mumbere anakula maharage aliyoyapika yeye, akiiambia spika kwa sauti ya chini, “Nyumba hii nzima, wewe peke yako unanielewa.”

Masika akasahau kila neno la Hajati.

“Chagua! Mimi au huyo. Mfukuze sasa hivi!”

“Masika...”

“Sasa hivi, yaya! Au humtaki atoke?”

Machozi yake yalimtisha Mumbere. “Kale, sawa,” alisema, akaweka sahani chini, akaelekea kioo. “Masika, toka nyumbani kwetu. Usirudi tena.”

Kwenye kioo msichana wa kilemba chekundu alitabasamu, wala hakusogea. Miguu iliyosogea ilikuwa ya Masika, ilimgeuza, ikampitisha jikoni, ikampitisha mbele ya cherehani bila Mama kuinua macho, naye akishika kiti, akishika pazia, akishika fremu ya mlango mpaka kucha zikauma, huku koo lake likikataa kutoa hata jina lake mwenyewe, na miguu ikamtua nje kwenye matope, peku, na mlango ukajifunga.

Akagonga kwa ngumi zote mbili. Ndani alisikia sahani zikipangwa, na sauti yake mwenyewe ikiuliza, “Yaaaya, nani huyo anagonga?”

Mama akafungua, futi ya kupimia ikiwa shingoni. Alimtazama Masika juu mpaka chini, kwa upole anaowapa wageni.

“Pole na mvua, binti. Masika ndio kwanza ameketi kula. Nimwambie anatafutwa na nani?”