Mwokaji Aliyetaka Jina

KUHUSU HARUFU YA MKATE KATIKA UKUMBI USIO NA LESENI YA VYAKULA. Barua hiyo ya halmashauri, yenye mihuri minne, ilimfikia Wiebren Haitsma Jumanne asubuhi, akacheka mpaka akakohoa. Hakuwahi kuuza hata biskuti. Kazi yake katika mji ule mdogo wa Friesland, kaskazini mwa Uholanzi, ilikuwa kusimama kando ya pazia la sinema, fimbo mkononi, akiwasemea watu wa kwenye picha, maana mwaka huo wa 1913 picha zilikuwa bado bubu.

Lakini harufu ilikuwepo kweli. Ilianza na filamu mpya ya Biblia, iliyowapita wakubwa na kuwafuata wadogo: kijakazi wa mlangoni, mtumishi aliyekatwa sikio, na yule mwokaji wa Farao aliyeota vikapu vitatu kichwani, ndege wakila mikate yake, kisha akanyongwa. Maandiko hayakumpa jina. Wiebren, kwa kutafuta kicheko, alimpa la shemeji yake, mwokaji wa mtaa wa pili.

"Huyo ni Sjoerd Bakema! Mikate yake ndege tu ndio wanaoiweza!"

Ukumbi mzima uliangua kicheko, Sjoerd mwenyewe akiwatangulia.

Jumatano Sjoerd alikuja amejizungushia skafu.

"Shemeji, nitoe kwenye hilo pazia," alinong'ona.

"Acha hizo. Koo tu hilo. Kunywa maziwa ya moto."

"Koo? Hebu tazama."

Alama ya kamba, mbichi, ilimzunguka shingo.

"Na ndege wanagonga dirisha langu tangu alfajiri. Leo nakaa safu ya tatu, nikuone ukilifuta jina langu."

Mchana ule Wiebren alisema "mwokaji" tu, mwokaji hivi, mwokaji vile, lakini mtu wa kwenye picha akasimama, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akageuka, na uso ulikuwa wa Sjoerd, na harufu ya mkate ikapanda kama tanuri limefunguliwa, na katika safu ya tatu shemeji akaanza kukoroma kama anayekabwa, huku yule mwokaji akimkodolea Wiebren macho, mdomo wazi, akisubiri kusemewa. Ndipo Wiebren akaelewa kwamba aliyekaa maelfu ya miaka bila jina hatarudisha alilopewa mpaka apewe jingine.

"Nilikosea, mabibi na mabwana," alisema. "Huyu si Sjoerd. Huyu ni Wiebren Haitsma."

Halmashauri ilifunga faili: harufu imekoma, leseni haihitajiki. Kilichotokea ni kwamba Sjoerd alivuta pumzi, fimbo ikaanguka sakafuni, na taa zilipowashwa hapakuwa na mtu kando ya pazia.